Treni Mbili Zilizomwacha Baba

Walimu wenzangu, tangu shule ifunguliwe mnaniuliza kila saa ya chai ilikuwaje hata baba yangu akafika Kibwezi juu ya pikapu ya ndizi, ndara miguuni. Kila nikianza kusimulia kengele inalia nikiwa bado sijatoka Kinango. Basi nimekaa nikaandika. Habari za kununua tiketi nimeziruka, hazina utamu wowote.

Msambweni hadi Kinango

Baba mnamjua: Mzee Bakari, mstaafu wa umwagiliaji, mbishi wa barazani, mtu asiyekunywa chai isipokuwa kwenye bilauri. Alisoma Tashkent miaka mitano, zama za Muungano wa Sovieti, chama kikiwa kimoja na redio ikisema lile lile asubuhi hadi jioni. Mambo ya chama hakuyashika sana. Alichorudi nacho ni treni. Sisi watoto wake tulizijua treni za Warusi kabla hatujaijua feri ya Likoni: vitanda vinne katika kila chumba, birika kubwa la maji moto mwisho wa behewa, na mama mwenye sare anayepita na chai, anayekunyang'anya tiketi ukipanda na kukurudishia karibu na kituo chako.

Mwezi uliopita nilipigiwa simu na namba nisiyoijua.

"Mwanangu, mimi naitwa Musyoka. Nilisoma na baba yako. Sijui kama amewahi kukutajia jina langu."

"Amelitaja," nikamjibu, ila sikumwambia kwa maneno gani.

Mzee Musyoka ni Mkamba wa kwetu kwetu. Wazazi wake walipewa shamba Shimba Hills, akakulia huko, na yeye na baba waliondoka Kwale pamoja kwenda kusoma. Sasa anaishi Kibwezi. Aliniambia kwamba binti yake amekuja kumchukua akaishi naye Kanada, ndege ni Jumatatu, na kurudi hatarajii.

"Nina maneno ya mama mzaa baba yako," akasema. "Alinituma nimpe Bakari kwa mdomo wangu mwenyewe. Nimemwandikia barua, zimerudi hazikufunguliwa. Nimemtuma mtu, akafukuzwa. Mama wa watu nilimuahidi, na sitaki kupanda ndege nikiwa bado nimeyabeba."

Bibi yangu alifariki kabla sijazaliwa, baba akiwa huko huko Tashkent. Hakumzika, na hapendi kuulizwa. Nilipomweleza habari ya simu alikuwa akinyoa ndevu, akaendelea kunyoa.

"Sina la kuzungumza na mtu yule. Mwaka wa arobaini na ngapi huu simpi salamu, nianze leo?"

Alinyamaza siku mbili nzima, jambo ambalo nyumbani kwetu halijapata kutokea. Siku ya tatu akaniita.

"Kibwezi treni inasimama?"

"Inasimama, baba."

"Basi ntakwenda. Lakini elewa vizuri, nakwenda kwa ajili ya treni."

Jumapili alfajiri, mara tu baada ya sala, alikuwa mlangoni na kikapu. Ndani mlikuwa na kuku mzima wa kuchemsha, mayai kumi, chumvi kwenye karatasi, matango, bilauri mbili, kikoi na ndara. Nikamwambia safari ya treni yenyewe haifiki saa tatu. Akanitazama akanihurumia. Treni ni treni, akasema.

Aliyetupeleka ni shemeji yangu Nassoro, mume wa dada, kwa pikapu yake. Tulipitia Ukunda na Kwale, tukateremka upande wa pili wa vilima mpaka nchi ikakauka na minazi ikatuaga. Baba alikaa mbele, akikosoa kila kona. Mie nilikuwa nikihesabu saa. Treni ya Mariakani ilikuwa saa mbili na nusu, na jioni hiyo hiyo Mzee Musyoka angeondoka Kibwezi kwa gari kwenda Nairobi. Tukiikosa treni, tumemkosa na yeye.

Kinango hadi Mariakani

Shemeji hakutuambia kwamba ana shughuli yake Kinango. Alikuja kuchukua beberu.

Mwenye beberu alikuwa mzee mmoja wa Kiduruma, mpole, asiye na haraka kabisa. Huwezi kumfikia mtu kama yule ukachukua mnyama ukaenda zako. Kwanza tulikaribishwa viti. Tukaulizwa habari za nyumbani, za mvua, za watoto, za mgonjwa ambaye hakuna aliyejua kuwa anaumwa. Chai ikaletwa. Baba akaomba bilauri, ikatafutwa, ikapatikana kwa jirani. Kisha beberu mwenyewe akagoma. Wanaume watatu walimsukuma na mmoja akamvuta, naye akakaa chini.

"Treni itatuacha," nikamnong'oneza baba.

"Haituachi. Treni huchelewa. Siku moja tulikaa jangwani saa tisa, hakuna aliyeuliza kwa nini. Watu walitoa karata."

"Hiyo ilikuwa Usovieti, baba."

"Na karata zilikuwa nzuri."

Beberu alipanda mwishowe, baada ya kupewa ganda la tikiti. Shemeji aliendesha kwa kasi ambayo sitamsimulia dada yangu, na Mariakani tukaingia stesheni mbio, baba mbele na kikapu, mie nyuma na begi, na beberu akilia kwenye pikapu. Treni ilikuja kwa dakika yake barabara. Baba alisikitika kidogo.

Mariakani hadi Voi

Ndani kulikuwa na viti viwili vikitazama viwili, na meza kati. Baba alizungusha macho kote, akaikagua meza, akaigonga. Kisha akafanya kile ambacho, kwa maelezo yake, kila abiria wa heshima alikifanya toka Moscow hadi Vladivostok: akavua viatu akavisukuma chini ya kiti, akavaa ndara, akajifunga kikoi juu ya suruali. Simu yake akaiweka mezani. Abiria wakatutazama. Nikatoa daftari za wanafunzi nikajidai nasahihisha.

Mbele yetu alikaa kijana wa hoteli moja ya Ukunda anayekwenda kwao likizo. Jina lake Brayo. Baba akafunua kikapu, akapanga mayai, akamrarua kuku, akafungua chumvi.

"Karibu, kijana. Kula."

"Zii mzee, niko sawa. Asante."

"Niko sawa ndiyo nini? Umekaa meza yangu, utakula."

"Sijakudharau mzee, lakini kwa safari mimi situmiangi food ya mtu simjui. Watu huwekewa madawa waamke bila kitu."

Baba alibaki na paja la kuku mkononi. Nilimwona ameumia kwelikweli. Alimweleza Brayo kwamba kule, ukiingia chumba cha treni, watu wanne msiojuana mlikuwa nyumba moja kwa siku tatu. Mwenye kuku alitoa kuku, mwanajeshi akatoa kopo la nyama, bibi wa kijijini akatoa viazi na tikiti. Chakula cha madukani kilikuwa cha foleni, tena haba, lakini kwenye treni hakuna aliyekula peke yake. Kulikuwa na mzee mmoja aliyekuwa akiongeza sauti ya redio ya ukutani kila alipotaka kuwachekesha kuhusu chama, ili chumba cha pili wasisikie. Mkisikia redio imepanda, mnasogea.

"Na hamkuogopa mmoja wenu ni wa serikali?" Brayo akauliza.

"Tuliogopa. Tulikuwa tunaogopa huku tunakula."

Brayo akafikiri. Akamwomba baba ale yai kwanza, baba akala mawili ili yaishe mashaka. Basi kijana akasogea, na kufika Miasenyi kuku alikuwa mifupa.

Hapo ndipo nilipomuuliza baba kisa cha Musyoka chote, toka mwanzo. Vipande vipande nilikuwa navyo, lakini hajapata kukisimulia akafika mwisho. Alikunywa chai yake yote kwanza.

"Likizo ya kuja nyumbani tulipewa moja tu, baada ya mwaka wa tatu. Mama alishaandikiwa barua, anajua siku. Mimi na Musyoka tukapanda treni Tashkent, twende Moscow tukachukue ndege. Siku ya pili, katikati ya jangwa, tukasimama mji unaitwa Aralsk. Dirisha li wazi. Nikasikia harufu ya ng'onda."

"Ng'onda jangwani?"

"Palikuwa na bahari yao hapo karibu. Miaka mitatu sijanusa samaki mkavu, mimi mtoto wa Msambweni. Ratiba ya ukutani inasema dakika kumi na tano. Nikateremka hivi hivi na ndara. Bibi mmoja kajifunga kilemba ananiuzia samaki watatu, nageuka, naona mgongo wa behewa la mwisho. Kumbe treni ilikuwa imechelewa, na ikichelewa wanapunguza dakika za vituo."

Brayo akacheka. Baba hakucheka.

"Mgeni kule alitembea na kibali, na kibali kilitaja miji. Changu kilitaja Tashkent na Moscow, basi. Na nyuma kidogo ya Aralsk ndiko walikokuwa wakirusha roketi. Polisi wakanikuta kituoni sina kiatu, sina karatasi, n'na samaki. Siku tatu wananiuliza nimetumwa na nani. Nawaambia nimetumwa na samaki. Wakaandika. Kesho yake wananiuliza tena."

"Na Mzee Musyoka?" nikauliza.

"Alikuwa kitanda cha juu yangu. Aliniona nikiteremka. Polisi wenyewe ndio walionambia: hakuna mtu kwenye treni ile aliyesema umepotea. Hata mmoja. Ndege ikaondoka, yeye yumo. Mimi nikarudishwa Tashkent. Mvua za vuli hazijesha, mama akafariki."

Akaanza kuokota maganda ya mayai, moja moja, akiyatia kwenye karatasi ya chumvi. Nilimshika mkono, akaniachia kwa muda, kisha akaendelea na maganda.

Voi hadi Kibwezi, peke yangu

Treni iliposimama Voi nilikuwa nimekwenda msalani. Niliporudi kiti cha baba kilikuwa kitupu na treni inaondoka.

"Mzee wako ameshuka," Brayo akasema. "Ameniambia Voi ni station kubwa, haipungui twenty minutes, anaenda kuwatafuta wamama wa kuuza vitu kwa platform."

Hakuna akina mama wa kuuza vitu pale. Kuna sakafu safi na mlinzi. Niliegemea dirishani nikamwona baba anazungumza na huyo mlinzi, kikoi kiunoni, mkono mmoja hewani, akieleza jambo. Kisha akatuona tunakwenda. Hakukimbia. Alisimama tu akatutazama tukipita, na uso ule sitausahau, maana ulikuwa wa mtu anayeijua hali hiyo vizuri.

Nilimkimbilia mhudumu wa behewa nikamwambia baba yangu ameachwa. Msichana yule hakuuliza kibali wala karatasi. Alipiga simu Voi papo hapo, akanijibu kwamba mzee yuko salama, amepewa kiti na maji, na anawafundisha kazi. Muda si muda simu ya baba ikalia pale mezani. Alikuwa ameazima ya mlinzi, na namba pekee aliyoijua kwa kichwa ni yake mwenyewe.

"Teremka Kibwezi," akaniambia. "Nakuja kwa barabara, nyumba nitaiulizia. Na tafadhali, usimwambie Musyoka nimeachwa na treni."

"Baba, ulikuwa unatafuta nini huko nje?"

"Siwezi kwenda kwa mtu mikono mitupu," akasema, akakata.

Nilikaa nikacheka mpaka Brayo akaniuliza kama niko sawa. Kisha nikashikwa na hofu. Voi kuna mabasi ya kwenda juu na mabasi ya kurudi Mombasa, na baba yangu, akishapata muda wa kufikiri peke yake, ni mtu wa kubadilisha nia.

Kibwezi

Mzee Musyoka alikuwa akinisubiri stesheni, mrefu, mwembamba, ameegemea fimbo. Nilimwamkia. Akaitikia, akatazama nyuma yangu, akatazama mlango wa behewa ukifungwa, kisha akatazama viatu vya kiume nilivyovishika mkononi.

"Baba yako yuko wapi?"

"Yuko nyuma kidogo, mzee."

"Ameshuka kituo gani?"

Sikuweza kumdanganya. "Voi."

Alicheka kwa namna ambayo binti yake alilazimika kumshika asianguke. Tukamkalisha kwenye gari, bado anacheka, anafuta macho, anajaribu kusema anashindwa. Nilimpenda saa ile ile.

Nyumbani kwake masanduku yalikuwa yamepangwa sebuleni. Gari la Nairobi lingeondoka saa kumi. Tulipewa isyo, mahindi na maharage yaliyopikwa hasa, nami nikala jicho liko barabarani. Saa saba ikapita, saa nane ikapita. Nilimuuliza Mzee Musyoka, kwa sababu nilitaka kujua na kwa sababu nilishindwa kukaa kimya, kwa nini siku ile ya Aralsk hakumwambia mtu.

"Nilimwambia," akasema. "Nilimwambia mama wa behewa, yule wa chai. Alifunga mlango. Akaniuliza kama Bakari ana kibali cha mji ule. Nikasema hana. Akasema, basi nikiandika kwamba ametoweka, wanaompokea ni polisi wa siri, na masomo yake yameisha. Tukinyamaza, atapanda treni ya usiku, atufuate, na hakuna atakayejua. Akachukua mito miwili akailaza kitandani kwa baba yako, akaifunika blanketi. Wakaguzi walipita mara mbili. Mara mbili akawaambia, huyo ni mgonjwa, muacheni alale. Yule mama angefukuzwa kazi, wallahi, kama si kufungwa. Sikujua kwamba polisi walikuwa wameshamkuta kituoni."

"Kwa nini hukumwambia baba?"

"Aliniruhusu lini? Na leo usimwambie, mpaka nimalize langu. Sitaki maneno ya mama yake yaje nyuma ya utetezi wangu."

Nilimtii. Habari ya mito baba aliijua tukiwa tunarudi nyumbani, na alinyamaza toka Mtito mpaka Mariakani.

Saa tisa na robo pikapu imesheheni ndizi kutoka Taveta ilisimama langoni. Baba akateremka na ndara zake, mkungu begani, vumbi mpaka kwenye kope. Dereva alimuaga kwa jina. Binti wa Mzee Musyoka akampokea mkungu.

"Wa wenye nyumba," baba akasema, bila kumtazama mwenye nyumba.

Aliketi kwenye kiti cha mbali. Mzee Musyoka hakumlaumu wala hakumtania, ingawa nilijua anatamani kumuuliza habari za Voi.

"Bakari," akasema, "nitasema mara moja, kisha ukitaka kuondoka, ondoka. Sanduku lako nililifikisha Msambweni mwenyewe. Nilifika mchana. Mama yako alikuwa amepika toka asubuhi, maana alijua ni siku yako. Alitazama nyuma yangu kama nilivyotazama nyuma ya mwanao leo. Nikamwambia umezuiwa na mitihani."

Baba alikuwa ametazama sakafu.

"Sidhani kama aliamini. Ule mtandio uliomnunulia aliutoa sandukuni akajitanda hapo hapo, na joto lile. Kisha akaniambia, kaa ule. Nikamwambia, mama, hiki cha Bakari. Akasema, kaa. Nikala fungu lako lote. Nilipomaliza akaninawisha mikono yeye mwenyewe, akasema: mwambie Bakari chakula chake hakikumwagwa. Aliyekila sasa ni mwanangu, kwa hiyo yeye ana ndugu. Umwambie wewe, ayasikie kwa sauti yako."

Binti wa Mzee Musyoka alikuwa mlangoni na funguo za gari, hakusogea. Mie nilikuwa nalia na sikujificha.

"Alipika nini?" baba akauliza.

"Pweza."

"Wa nazi?"

"Wa nazi. Na pilipili nyingi kupita kiasi. Niliona aibu kumwomba maji."

Baba akatikisa kichwa kukubali, kwa sababu ndivyo alivyopika mama yake. Akakaa. Akapangusa vumbi usoni kwa ncha ya kikoi, akapangusa tena mahali ambapo halikuwapo vumbi.

"Wewe ulinitangulia kuzaliwa," akasema.

"Kwa mwaka na miezi."

Baba akainuka, akakiweka kikoi chake sawa, akavuka sebule kati ya masanduku mpaka mbele ya kiti cha Musyoka, akainama kidogo.

"Shikamoo, kaka."

Mzee Musyoka alijaribu kusimama, akashindwa, akaishika mikono yake yote miwili.

"Marahaba, Bakari."